Koplo Aliyekataa Ganzi

Miezi mitatu iliyopita nilikabidhi funguo za kabati la dawa nikarudi nyumbani. Manesi vijana niliowaacha pale waliniomba niwaandikie machache ya kazini, wakasema nikifa nayo itakuwa hasara. Niliwajibu kwamba sina mpango wa kufa, ila kalamu ninayo. Habari za vyeo na mishahara sitaandika. Vyeo vilikuja vimechelewa, na mshahara ulifika umechoka na safari. Nitaandika kazi.

Nilianza muda mfupi baada ya vita kwisha, katika kituo kidogo cha afya cha kambi ya polisi, upande wa Kisugu. Baba yangu alikuwa polisi Mkatoliki kutoka Arua, mama yangu Mwislamu Mnubi wa Bombo, kwa hiyo tulisherehekea sikukuu zote na kufunga mara mbili kwa mwaka. Kiswahili ndicho kilikuwa lugha ya kambi. Tuligombana kwacho, tukachumbiwa kwacho, na mimi nimechoma sindano kwacho maisha yangu yote.

Siku ya kwanza nilifika na sare niliyoipiga pasi mara tatu. Sista Perepetua, mkuu wangu, alinitazama juu mpaka chini, akanipa ufagio. Kituo kilikuwa na vyumba vitatu, bati lenye matundu ya risasi, na kitanda kimoja cha upasuaji ambacho mguu wake wa nne ulikuwa tofali. Nilifagia maganda ya risasi pamoja na kinyesi cha popo. Saa nne aliniruhusu kushika bandeji.

Nyinyi mnaofungua glavu mpya kila mgonjwa, sikieni. Sisi glavu tulizifua, tukazianika kwenye kamba kama soksi za watoto, tukazipaka poda, tukazivaa tena. Makasi na koleo tulivichemsha katika sufuria juu ya jiko la mafuta ya taa. Sufuria ile ilikuwa na alama ya rangi ya kucha, nyekundu, ili mtu asije akapikia chai. Alama hiyo iliwekwa baada ya mtu kupikia chai. Shashi tulinunua kwa marobota sokoni Kikuubo, tukakaa barazani mchana tukiikata vipande na kusengenya.

Sista Perepetua alinifundisha jambo moja ambalo halimo vitabuni. Alisema, "Musawo ataangalia kidonda. Wewe angalia uso. Kidonda kinakwambia mtu ameumia wapi. Uso unakwambia amefika wapi, na kama atarudi." Musawo ndivyo tulivyomwita daktari wetu, kama Waganda wanavyomwita kila mwenye dawa. Yeye mwenyewe alikuwa Mganda, mpole, na kwake herufi za r na l zilikuwa dada wanaoazimana nguo. "Sista, reta makasi," angesema, nami ningeleta.

Basi miaka yangu ya kwanza niliangalia nyuso. Niligundua kwamba watu wa bunduki wanaogopa sindano kuliko watoto wao. Sajini mmoja aliyejulikana kambi nzima kwa ukali alizimia kabla sijavunja hata shingo ya kichupa cha dawa, akapasuka kichwa kwenye ukuta, tukamshona kwa sababu ya sindano ambayo hakupigwa. Nimeona wanawake wakizaa wakiuma kanga, na vijana wakivunjwa upya mfupa uliounga vibaya. Wote hao walivumilia kwa sababu hawakuwa na njia nyingine. Mtu aliyeyaomba maumivu nilimwona mara moja tu, naye ndiye anayenifanya niandike.

Aliitwa Koplo Odur, mtu wa kaskazini, mrefu, mwenye mikono mikubwa isiyolingana na mwili wake mwembamba. Alikuwa na kipande cha chuma cha bomu pajani tangu vitani. Alipigana upande gani hakusema, na siku zile tulikuwa tumejifunza kutouliza. Chuma kilikaa kimya miaka mingi, kisha kikaanza kupanda juu, ngozi ikawa nyeusi, usaha ukatoka. Musawo alikibonyeza, akasema kiko karibu, kitatoka kwa mkato mmoja na ganzi kidogo.

"Ganzi sitaki," akasema Odur.

"Ganzi ipo," nikamwambia, maana mara nyingi haikuwepo na watu walizoea kukataa kwa heshima. "Imefika wiki hii."

"Sista, sikia. Mimi nataka hii kitu itoke bila dawa. Na nataka rafiki zangu wawili wasimame hapa ndani, waangalie."

Musawo alicheka, kisha akaona kwamba anacheka peke yake. Walibishana siku mbili. Mwishowe Musawo alikubali kwa sharti lake: "Ukipiga kelele mara moja tu, nasimama, Sista anachoma ganzi, na wenzako wanatoka nje." Nilitegemea Odur atabisha. Uso wake ukalegea kama wa mtu aliyepewa alichokuwa akikitafuta.

"Ndiyo hivyo hasa, Musawo," akasema. "Nikipiga kelele, msimame."

Alikuja siku ya Alhamisi asubuhi na hao rafiki zake. Mmoja aliitwa Yasini, mtu wa kwetu Arua, mdogo wa umbo, dereva. Wa pili aliitwa Baker, mnene, mlinzi wa maghala mjini. Wote watatu walikuwa kikosi kimoja wakati wa vita. Nilitegemea utani, maana wanaume wakimsindikiza mwenzao hospitali huwa wanatania hata maiti. Hawa hawakutania. Walivua kofia mlangoni kama watu wanaoingia kanisani, wakasimama upande wa miguu ya kitanda, mahali ambapo Odur akilala atawaona bila kugeuza shingo.

Nje benchi lilikuwa limejaa wagonjwa, na nilisikia soga zao. Musawo alipokata, nilisikia soga zimekatika pia. Labda ni masikio yangu. Nilishika goti la Odur kwa mkono mmoja na bakuli kwa mwingine, nikaangalia uso, kama nilivyofundishwa.

Nimesema uso unakwambia mtu amefika wapi. Ule haukuniambia kitu. Macho yalikuwa wazi, yamewakazia wale wawili. Jasho lilimtoka, likajaa kwenye masikio, lakini midomo ilikaa imefungwa bila hata kukazwa, kama ya mtu anayesubiri zamu yake benki. Nikawatazama wenzake. Maumivu niliyoyakosa kwenye uso wa Odur niliyakuta kwao. Yasini alikuwa akitweta. Kila koleo lilipozama, bega lake lilipanda. Baker alikuwa amejiziba mdomo kwa kiganja, na damu ilikuwa ikishuka kati ya vidole vyake. Alikuwa amejiuma.

Chuma kilikuwa ndani kuliko tulivyodhani, kimeshikana na nyama. Musawo alikivuta. Hakikuja. Akakizungusha, akavuta tena, na hapo kukatokea sauti.

Nimesikia kelele nyingi kazini na najua kuzitofautisha. Ile ilikuwa sauti ya mtu mzima anayelia kwa nguvu zake zote, lakini imefunikwa, kama inapita kwenye blanketi. Haikuwa ndefu. Ilianza, ikapanda, ikakatwa.

Musawo aliacha koleo. "Nilikwambia! Ukipiga kelele nasimama. Sista, ganzi."

"Si mimi, Musawo," akasema Odur, taratibu kabisa. "Endelea."

Na kweli hakuwa yeye. Nilikuwa nautazama mdomo wake tangu mwanzo, haukufunguka. Niligeuka kwa Yasini. Alikuwa amekaa sakafuni, miguu mbele kama mtoto, anaangalia chini ya kitanda. Baker alitoa mkono mdomoni, akatikisa kichwa kunijibu kabla sijauliza, kisha akasema, bila kumwambia mtu yeyote, "Amefika."

Musawo alimaliza kazi haraka. Chuma kilitoka, urefu wa kidole gumba. Tulisafisha, tukashona, nikafunga bandeji. Odur alitushukuru mmoja mmoja. Nilipofungua mlango kumwita mgonjwa mwingine, mama mmoja aliyekuwa mbele kwenye benchi, amembeba mtoto wake, alinyoosha shingo kutazama ndani.

"Sista, huyu anatoka," akasema. "Na yule mwingine mmemweka wapi?"

"Mwingine nani, mama?"

"Aliyekuwa analia."

Nilimwambia ni huyo huyo. Aliniangalia, akambeba mtoto wake vizuri, akasema atarudi kesho. Hakurudi.

Odur alitakiwa kuja kufungwa bandeji mpya kila siku ya pili. Alikuja mara ya kwanza na wenzake, wakakaa benchi. Mimi si mtu wa kuchimba siri za watu, lakini sikuwa nimelala vizuri tangu Alhamisi. Nilimwambia, "Afande, chumba kile ni changu, nakifagia mwenyewe. Mmeniletea nini humo?"

Aliningoja nimalize kuosha kidonda. Kisha akanieleza, na nitayaandika kwa ufupi, kwa sababu yeye mwenyewe aliyasema kwa ufupi.

Walikuwa wanne. Wa nne aliitwa Kilama. Siku moja vitani bomu liliwaangukia. Odur alipata kile kipande cha paja, Kilama alipata tumboni. Walijificha kwenye mtaro uliofunikwa na majani, na adui akaja akapumzika hatua chache juu yao. Kilama alianza kulia. Walimsihi, hakuweza. Odur akamziba mdomo kwa kiganja. Yasini akashika miguu, Baker akashika mikono. Adui alikaa muda mrefu kuliko walivyotegemea. Alipoondoka, Odur alitoa kiganja chake, na Kilama hakuwa na pumzi tena.

"Tangu siku hiyo," akasema Odur, "hawa wawili wanabishana. Baker anasema mtu akitaka kunyamaza ananyamaza, Kilama alituponza mwenyewe. Yasini anasema hakuna binadamu anaweza kunyamaza na maumivu ile, sisi tumeua mtu bure. Mimi ndiye mkono. Mimi nilitaka kujua."

"Na sasa umejua?"

"Nimenyamaza. Umeona."

Baker, aliyekuwa amesimama mlangoni, alisema, "Basi si nilisema? Inawezekana." Lakini alisema kama mtu anayeomba akubaliwe.

 Nilikuwa na bandeji mkononi, nikaizungusha, nikauliza kitu kilichokuja chenyewe: "Odur, wewe uliambiwa ukipiga kelele tunasimama. Siku zote ulijua neno moja linamaliza yote. Kilama naye aliambiwa hivyo?"

 Yasini alianza kulia, bila sauti, na ndipo nilipotambua kwamba watu hawa watatu hawakuwa na kilio chenye sauti. Baker alitoka nje. Kupitia dirishani nilimwona amesimama kwenye jua, anafungua na kufumba mikono yake miwili.

Kilichobaki nilikijua mara ya tatu ya kufunga bandeji. Mama yake Kilama alikuwa hai. Alikuwa akiishi mtaa wa Kawempe, anauza karanga za kukaanga. Walikuwa wakimtembelea kila Krismasi, wakampelekea sukari na sabuni, wakamtengenezea paa. Walimwambia mwanawe alipigwa risasi. Odur sasa alitaka kumwambia kweli. Baker alikataa kata kata, akasema mama mzee haongezewi mzigo. Waligombana mbele yangu mpaka nikawatishia ufagio.

"Sauti ile ililia mbele yetu," Yasini akamwambia Baker. "Mimi niliisikia chini ya kitanda. Wewe uliisikia wapi?"

Baker aliutazama mkono aliojiuma. "Kwenye kiganja changu," akasema.

Waliniomba niende nao, kama mama akizimia. Nilikwenda Jumapili alasiri, nimebeba mkoba wangu wa bandeji, kwa sababu sikujua nibebe nini kingine.

Watu walimwita Min Kilama, yaani mama wa Kilama. Alikuwa mwembamba, msafi, na chumba chake kilinukia karanga. Marehemu mumewe alikuwa askari zamani zile, hivyo Kiswahili alikijua, na kwa ajili yangu mgeni alikitumia. Alitupa maji, akauliza habari za mguu wa Odur, akataka kuanza kupika. Odur alimwomba akae.

Alimwambia yote. Hakujipunguzia. Alitaja nani alishika wapi, na Yasini na Baker waliinamisha kichwa kila mmoja lilipotajwa jina lake. Nilimtazama mama usoni nikitafuta dalili za kuzimia. Hakuzimia. Alisikiliza kama mtu anayesomewa barua ya mtu mwingine.

Odur alipomaliza, mama akauliza, "Mkono gani?"

Odur akainua wa kulia.

Aliburuta kigoda chake mpaka mbele ya Odur, magoti yakagusana. Akauchukua ule mkono kwa mikono yake miwili, akauweka juu ya mdomo wake. Mkono ulikuwa mkubwa, nimeshasema, uliziba mdomo na pua pamoja. Odur alitaka kuuondoa. Mama akaukandamiza.

Mwanzoni nilidhani ni ishara tu, ataachia. Hakuachia. Nilihesabu, kama tulivyozoea kuhesabu mapigo ya moyo, na nilipofika thelathini mishipa ya shingo yake ilikuwa imesimama. Macho yalikuwa wazi, yanatutazama mmoja baada ya mwingine: Odur, Yasini, Baker, na mimi pia, ambaye sikuwepo mtaroni. Odur alikuwa akisema, "Mama, tafadhali, mama." Nilisimama. Aliinua kidole kimoja kunikataza, nami, nesi wa miaka yote ile, nilikaa. Hilo mpaka leo sijalielewa. Majirani walikuwa wakicheka nje, redio inaimba, na ndani hapakuwa na pumzi ya mtu yeyote.

Halafu akaachia. Hewa ilimwingia kwa mkwaruzo. Alishika magoti yake mpaka kifua kikatulia.

"Ni muda mrefu," akasema.



"Nyinyi mliniambia risasi. Risasi ni haraka. Miaka hii yote nikilala najiambia, angalau mwanangu ilikuwa haraka." Alijifuta mdomo kwa ncha ya gomesi, gauni lake refu. "Leo siwezi kuwapikia. Nendeni. Mje Jumapili ijayo."

Tulirudi kambini. Musawo nilimwambia, naye akaniuliza swali moja tu, kama sauti ile ya chumbani ilikuwa ya mwanamume. Nilisema ndiyo. Hatukuizungumza tena, ingawa tulifanya kazi pamoja miaka mingi baadaye. Nilifanya jambo moja: nilisogeza kitanda kile, nikapiga deki chini yake kwa maji ya moto, na kwa muda wa wiki nzima niliacha mlango wazi nilipokuwa humo peke yangu. Msinicheke. Nanyi siku zenu zinakuja.

Kidonda cha Odur kilipona, akapelekwa kituo kingine cha polisi, lakini alipita mara kwa mara kunisalimia, na yeye ndiye aliyenieleza mwisho wa habari hii. Jumapili ile waliyoambiwa walikwenda, wote watatu, hata Baker. Min Kilama aliwafungulia mlango, akawapakulia chakula, akatoka nje na kigoda chake, akakaa akiwapa mgongo mpaka walipomaliza. Jumapili ya pili vile vile. Ya tatu alikaa ndani, lakini hakula nao. Iliendelea hivyo majuma mengi, hakuna aliyekosa, hakuna aliyelalamika.

Kisha Jumapili moja aliosha mikono, akakaa mkekani kati yao, akamega kwon, ule ugali mweusi wa ulezi wa kwao, akachovya kwenye sahani ile ile. Odur alisema alijaribu kumeza akashindwa. Alilia kwa sauti, kinywa kimejaa, kilio ambacho majirani walikuja mlangoni kukitazama, na hakuna mtu ndani ya chumba kile aliyemwambia anyamaze.